Kutoka Ngwe hadi Heka: Maneno ya Kupimia Ardhi katika Kiswahili na Utata Wake wa Kimaana

Ikisiri

Makala hii inachunguza maneno ambayo wasemaji wa Kiswahili wameyatumia na wanaendelea kuyatumia kutaja ukubwa wa ardhi. Inaeleza kwamba vipimo vya asili vya Kiswahili vilikuwa vya urefu, vya kazi au vya mazao, na kwamba eneo lilifahamika kwa kupitia mojawapo ya njia hizo tatu. Vipimo vya kigeni vya eka na hekta vilipoingia, lugha iliyapokea majina yake, lakini upimaji wenyewe uliendelea kufanywa kwa hatua za mtu. Matokeo yake ni kwamba neno moja, hasa *heka*, linaweza kubeba ukubwa unaotofautiana sana. Makala inaonyesha chanzo cha utata huo kiisimu na kihesabu, na kueleza kwa nini unapaswa kuwashughulisha watunga kamusi, wafasiri na wataalamu wa lugha ya sheria.

1.0 Utangulizi

Msamiati wa vipimo katika Kiswahili umezoeleka kujadiliwa chini ya mada ya ukopaji wa maneno: *dhiraa*, *shibiri* na *farasila* kutoka Kiarabu, *yadi*, *futi* na *eka* kutoka Kiingereza. Mjadala wa namna hiyo una manufaa, ila huacha swali moja bila jibu. Neno la kipimo linapohama kutoka lugha moja hadi nyingine, je, kiasi kinachotajwa nalo huhama pamoja nalo? Kwa vipimo vya uzito na ujazo jibu huweza kupatikana sokoni, kwa kuwa mzani na kibaba vipo mbele ya muuzaji na mnunuzi. Kwa ardhi hali ni tofauti. Eneo halishikiki mkononi wala halimiminiki chomboni. Aghalabu huhesabiwa kutokana na kitu kingine, na kitu hicho hutegemea mazoea ya jamii inayopima.

Hoja ya makala hii ni kwamba katika Kiswahili neno la kipimo cha ardhi hubeba kwanza *njia* ya kupima, na ukubwa huja baadaye. Hoja hiyo inajengwa kwa kupitia vipimo vya mwili na kamba, kisha *ngwe*, kisha hesabu ya miti, na hatimaye maneno *eka*, *ekari*, *heka* na *hekta* jinsi yanavyotumika leo Tanzania na Kenya.

2.0 Mwili kama Kipimo: Urefu kabla ya Eneo

Vipimo vya zamani vya Waswahili vilitokana na viungo vya mwili. *Shibiri* ni urefu kutoka ncha ya kidole gumba hadi ncha ya kidole cha mwisho, kiganja kikiwa kimetanuliwa. Shibiri mbili hufanya *mkono* mmoja, yaani *dhiraa*, kipimo cha kutoka kiwiko hadi ncha ya kidole cha kati, ambacho ni takribani nusu yadi. Mikono miwili hufanya *wari*, na mikono minne hufanya *pima*, ambayo ni urefu wa mikono yote miwili ya mtu ikiwa imenyooshwa pembeni, kiasi cha futi sita.

Mambo mawili yanastahili kuzingatiwa. Kwanza, nomino *pima* na kitenzi *-pima* vina umbo moja, na kitenzi hicho ndicho kilichozaa *kipimo*, *mpimaji*, *upimaji* na *vipimo*. Mtu aliyenyoosha mikono yake yuko, kwa maana hiyo, katikati kabisa ya msamiati wa upimaji. Pili, na hili ndilo la msingi hapa, vipimo vyote hivyo ni vya urefu. Vilitosha kupimia nguo, kamba, mbao, kina cha kisima na kina cha bahari. Hakuna hata kimoja miongoni mwavyo kinachotaja eneo.

Hili halimaanishi kwamba wasemaji hawakuwa na haja ya kutaja ukubwa wa ardhi. Lugha ilikuwa na maneno mengi ya aina za ardhi: *shamba*, *konde*, *kiwanja*, *kiunga*, *bustani*. Hata hivyo, maneno hayo hutaja matumizi na mahali. Konde halikuwa na ukubwa maalumu, wala kiunga. Hali hiyo inapatikana pia katika lugha jirani za Kibantu. *Kihamba* cha Wachaga na *kibanja* cha Wahaya hutaja ardhi ya makazi na migomba ambayo familia huirithisha, na mipaka yake hujulikana kwa alama zinazoonekana. Kwa Wachaga mmea wa *masale* ndio unaotambulisha mpaka. Katika mfumo kama huo swali la msingi huwa ni “Mpaka uko wapi?” na “Shahidi ni nani?” Swali la “Ni kiasi gani?” huzuka pale ardhi inapogawanywa upya, inapouzwa kwa mgeni, au kazi ya kuilima inapogawanywa kwa watu wengi.

3.0 Ngwe: Eneo kama Kazi

Mgawanyo wa kazi ndio uliozaa neno la Kiswahili linalokaribia zaidi kuwa kipimo cha eneo, yaani *ngwe*. Ngwe ni sehemu ya shamba iliyopimwa ili mtu mmoja ailime. Neno hilo lina uhusiano wa wazi na *ugwe*, yaani kamba nyembamba. Kamba hunyooshwa, sehemu hutengwa, na sehemu iliyotengwa huitwa kwa jina la chombo kilichoitenga. Mwelekeo huo wa maana si wa Kiswahili pekee. Katika Kiebrania cha kale neno *hevel* lina maana ya kamba na vilevile ya fungu la ardhi aliloangukiwa mtu.

Ngwe haikuwa na ukubwa mmoja kila mahali. Ilipimwa kwa kuangalia kile ambacho mtu angeweza kukimaliza, hivyo ardhi ngumu au yenye magugu mengi ingeweza kudai ngwe fupi kuliko ardhi laini. Kwa jicho la mpimaji wa kisasa huo ni upungufu. Kwa jicho la wakulima wanaogawana kazi, ni haki: ngwe mbili zinazotofautiana kwa mita zaweza kulingana kwa jasho.

Kwa asili yake, eka ya Waingereza nayo ilikuwa kipimo cha namna hiyo hiyo, kwani ilikuwa ardhi ambayo jozi ya maksai ingeweza kuilima kwa siku. *Feddan* ya Misri imetokana na neno la jozi ya ng'ombe wa kulimia, na *Morgen* ya Wajerumani ni “asubuhi”, kazi ya asubuhi moja. Tofauti ni kwamba vipimo hivyo vilikamatwa na dola na kufungwa. Eka ilifungwa kwenye yadi za mraba 4,840, na tangu Edmund Gunter alipobuni mnyororo wake wa futi 66 mwaka 1620, wapimaji waliweza kuihesabu kuwa minyororo ya mraba 10. Feddan ilifungwa kwenye mita za mraba zipatazo 4,200 na kugawanywa katika *qirat* 24. Ngwe haikupata dola ya kuifunga. Ilibaki kamba isiyo na urefu rasmi.

Kwa kuwa haikufungwa, maana yake ilikuwa huru kuendelea kutanuka. Kutoka sehemu ya shamba, ngwe ikawa sehemu ya kazi yoyote, kisha kipindi cha wakati. Leo msemaji husema *ngwe ya pili* ya uongozi, na mtangazaji wa mpira husema *ngwe ya lala salama* bila kufikiria jembe wala kamba. Ni safari iliyo kinyume cha ile ya *Morgen*: Kijerumani kilitoka kwenye wakati kikafika kwenye ardhi, ilhali Kiswahili kimetoka kwenye ardhi kikafika kwenye wakati. Katikati ya safari zote mbili kuna kiungo kimoja, nacho ni kazi.

4.0 Hesabu ya Miti

Njia ya tatu ya kutaja ukubwa wa ardhi ilikuwa kuhesabu kilichosimama juu yake. Katika visiwa vya Unguja na Pemba, shamba lilitajwa kwa idadi ya minazi au mikarafuu. Umiliki wa miti uliweza kutenganishwa na umiliki wa ardhi, jambo ambalo John Middleton alilieleza katika uchunguzi wake wa umilikaji wa ardhi Zanzibar uliochapishwa mwaka 1961. Husimuliwa pia kwamba Sayyid Said, alipohimiza kilimo cha karafuu katika karne ya 19, aliwataka wenye mashamba wapande mikarafuu mitatu kwa kila mnazi mmoja. Amri hiyo, jinsi inavyosimuliwa, ilizungumza kwa miti. Eneo halikutajwa.

Kipimo cha miti kina mantiki yake. Thamani ya shamba ilikuwa katika mavuno, na mavuno yalikuwa katika miti. Udhaifu wake ulionekana Aprili 1872, kimbunga kilipoangusha sehemu kubwa ya mikarafuu ya Unguja na kuiacha ile ya Pemba kwa kiasi kikubwa ikiwa salama. Mtu aliyelala akiwa na shamba la miti mia kadhaa aliamka akiwa na ardhi ile ile, mipaka ile ile, lakini kipimo chake kimeanguka. Hapa inaonekana wazi kwamba lugha ya miti ilipima mali, na kwamba ardhi yenyewe ilikuwa haijapata jina la ukubwa wake.

Jina hilo lilikuja kushika mizizi visiwani kwa njia ya siasa. Baada ya Mapinduzi ya Januari 1964 ardhi ilitwaliwa na serikali na kugawiwa wananchi kwa kiasi cha eka tatu kwa kaya. Kirai *eka tatu* kikageuka kuwa nomino: mtu husemwa kuwa ana *eka tatu*, au shamba hutajwa kuwa ni *la eka tatu*, hata pale umbo lake halisi lilipokwisha kubadilika kwa urithi na mauzo. Takriri *eka tatu tatu* ikabeba dhana nzima ya ugawaji kwa usawa. Neno la kigeni likaingia katika sarufi ya Kiswahili kwa ukamilifu, nalo likaanza kufanya kile ambacho ngwe ilikifanya kabla yake, yaani kutaja fungu la mtu kuliko idadi ya yadi.

5.0 Eka, Ekari, Heka, Hekta

Tanganyika ilipokea mifumo miwili kwa kufuatana. Utawala wa Wajerumani ulitumia hekta. Waingereza waliotwaa nchi baada ya Vita Vikuu vya Kwanza walileta eka, ambayo tayari ilikuwa ikitumika katika maeneo yao mengine ya Afrika Mashariki. Hekta ni eneo la mita 100 kwa mita 100. Eka ni mita za mraba 4,047, yaani hekta 0.4047, na hekta moja ni sawa na eka 2.47.

Maneno yaliyopatikana ni manne. *Eka* imefuata matamshi ya Kiingereza. *Ekari* yaelekea imefuata maandishi, kwa kuwa imehifadhi sauti /r/ ambayo haisikiki katika matamshi ya Waingereza, na imefungwa kwa irabu kama ilivyo kawaida ya maneno ya mkopo. *Hekta* na *hektari* zinaonyesha uhusiano wa aina hiyo hiyo kati ya umbo fupi na umbo refu. Hadi hapo mfumo uko wazi: jozi mbili za maumbo, kila jozi na kipimo chake.

Utata unaanza na *heka*, neno linalosikika sana vijijini na mijini Tanzania. Kwa umbo, heka iko katikati: ina /h/ ya hekta na mwisho wa eka. Maelezo mawili yanawezekana. La kwanza ni kwamba heka ni hekta iliyopoteza /t/. La pili ni kwamba ni eka iliyoongezewa /h/ mwanzoni, na kuongeza au kudondosha /h/ mahali hapo ni jambo linalojulikana katika mazungumzo ya wasemaji wengi. Maelezo ya pili yana nguvu zaidi kwa sababu mbili. Kiswahili huuvumilia mfuatano wa konsonanti /kt/, kama *daktari* na *Oktoba* zinavyoshuhudia, kwa hiyo hakuna shinikizo la kifonolojia la kuiondoa /t/ katika hekta. Pia mkulima anayesema heka kwa kawaida anakusudia eka, kipimo kidogo. Uwepo wa hekta katika lugha ya ofisi huenda ulisaidia kuipa /h/ hiyo uhalali masikioni mwa wasemaji.

Hivyo heka ina umbo linaloelekea upande mmoja na maana inayoelekea upande mwingine. Mkulima hulisikia na kuelewa eka. Msomi au karani aliyezoea hekta anaweza kulisikia na kuandika hekta. Kila mmoja ana sababu nzuri ya kuamini kwamba ameelewa.

6.0 “Sabini kwa Sabini”

Juu ya utata wa majina kuna utata wa njia. Nchini Tanzania kanuni inayojulikana na wengi ni kwamba eka moja ni hatua 70 kwa 70. Kanuni hiyo inastahili kuchunguzwa kwa makini, kwa maana namba yenyewe inasimulia historia. Ikiwa hatua ni yadi moja, 70 mara 70 hutoa yadi za mraba 4,900, ambazo zinaizidi eka kwa yadi za mraba 60 tu. Ni ukadiriaji mzuri na rahisi kukumbukwa. Namba 70, kwa hiyo, inaelekea kuwa imetokana na yadi.

Yadi ikaondoka katika matumizi ya shule na ofisi, mita ikachukua nafasi yake, lakini 70 ikabaki. Leo kanuni hiyo hutajwa pia kwa mita: “mita 70 kwa 70”. Eneo hilo ni mita za mraba 4,900, sawa na eka 1.21. Kwa mita, upande wa eka ya mraba haufiki hata 64. Kwa upande mwingine, mtu anayetembea kwa hatua za kawaida za sentimita 75 atapata upande wa mita 52.5 na eneo la mita za mraba 2,756, yaani eka 0.68. Watu wote wawili watasema, kwa nia njema kabisa, kwamba wamepima eka moja. Tofauti kati yao ni mita za mraba 2,144, zaidi ya nusu eka. Hatua iliyopungua kwa robo imelipunguza eneo kwa asilimia 44, kwa kuwa kosa la upande mmoja huzidishwa na kosa la upande wa pili.

Muundo wa *N kwa N* umeenea kupita shamba. Viwanja vya makazi hutangazwa kwa *hatua 20 kwa 20*, na Kenya kiwanja cha *50 kwa 100*, kwa futi, huchukuliwa kuwa sehemu ya nane ya eka. Futi 50 kwa 100 ni futi za mraba 5,000, ilhali sehemu ya nane ya eka ni 5,445. Kiisimu, muundo huu unaonyesha kwamba wasemaji wameendelea kulifikiria eneo kwa urefu wa pande zake, kama walivyofanya wapimaji wa mikono na pima. Kihusishi *kwa* hakimlazimishi msemaji kuzidisha. Kinaziweka pande mbili zikabiliane na kuliacha umbo lionekane akilini. Inaweza kusemwa kwamba kipimo hai cha eneo katika Kiswahili cha leo ni muundo huo wenyewe, na kwamba eka ni jina linalobandikwa juu yake.

7.0 Athari za Utata

Katika mazungumzo ya majirani utata huu hauleti madhara makubwa, kwa kuwa mpaka unaonekana na kila mmoja anaujua. Madhara huja pale ardhi inapozungumzwa na watu wasioiona kwa jicho moja. Mfano ulio bayana ni Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Namba 5 ya 1999, ya Tanzania. Katika kifungu cha 4, kuhusu kuihamisha ardhi ya kijiji kwenda katika aina nyingine ya ardhi, sheria inaweka mpaka wa hekta 250. Ardhi isiyozidi kiasi hicho huamuliwa na mkutano mkuu wa kijiji, na inayozidi huamuliwa na Waziri. Hekta 250 ni takribani eka 618. Eka 250 ni hekta 101 tu. Ikiwa katika mkutano namba hiyo itasomwa kama “heka 250” na kueleweka kama eka, wanakijiji watakuwa wanajadili ardhi isiyofikia nusu ya ile iliyoandikwa. Muhtasari utakuwa na sahihi zao, na sahihi hizo zitakuwa za kweli. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Katika hali hii mali inaweza kupotea daftari likiwepo, kwa sababu ya neno moja ndani yake.

Kilimo nacho kina sehemu yake. Maelekezo ya kitaalamu ya kutumia mbolea kilo 100 kwa hekta ni sawa na kilo 40 hivi kwa eka. Yakifasiriwa kuwa kilo 100 kwa heka, mkulima atanunua mara mbili na nusu ya kinachohitajika, au ataamua kwamba ushauri huo si wa watu wa uwezo wake. Vilevile mavuno ya magunia kwa eka hayawezi kulinganishwa kati ya kijiji na kijiji pale ambapo eka ya mmoja ni hatua na ya mwingine ni mita.

Kwa watunga kamusi, hali hii inadai zaidi ya kutaja usawa wa yadi za mraba. Kidahizo *heka* kinahitaji kuonyesha matumizi yake halisi, yaani kwamba wasemaji wengi hukitumia kwa maana ya eka, na kumwonya msomaji dhidi ya kukichukua kuwa hekta. Kwa wafasiri wa sheria na mikataba, njia salama ni kuliepuka neno heka, kutumia hekta pekee, na kuandika kando yake usawa kwa ekari na kwa mita za mraba. Pale hati inaposomwa mbele ya wanakijiji, ni vyema kiasi hicho kielezwe pia kwa pande: hekta moja ni mita 100 kwa 100. Maelezo hayo yanatumia muundo ambao wasikilizaji tayari wanapimia.

8.0 Hitimisho

Maneno yaliyojadiliwa yanaonyesha utaratibu mmoja. Pima ilipima kwa mwili, ngwe kwa kamba na kazi, shamba la karafuu kwa miti. Eka ilipofika, ilipewa hatua. Katika kila hatua ya historia hiyo Kiswahili kimetaja ardhi kwa kutaja kitendo cha kuipima, na ukubwa umebaki mikononi na miguuni mwa anayepima. Utaratibu huo ulifaa katika jamii ambamo mpimaji, mlimaji na shahidi wa mpaka walikuwa watu wanaojuana. Haufai peke yake mbele ya sheria inayohesabu kwa hekta, na mzigo wa kuziba pengo hilo hauwezi kuachiwa wapima ardhi pekee. Sehemu yake ni ya kiisimu: kueleza maneno haya jinsi yanavyotumika, kuyatenganisha pale yanapochanganywa, na kuhakikisha kwamba mwenye shamba na mwenye hati wanapotamka namba moja, wanaizungumzia ardhi moja.